Baba yake anasema kama hakuchaguliwa, kumwombea ni kazi bure

BARUA

Mshauri, shikamoo.

Mimi ni mama wa miaka 47, fundi cherehani, mwenyeji wa Kilimanjaro. Nilizaliwa na kubatizwa Mlutheri, na ndoa yetu ya kanisani ina miaka 24. Watoto ni watatu. Ninayekuandikia habari zake ni wa kwanza, wa kiume, ana miaka 21.

Huyu alikuwa mtoto wa kwaya. Siku ya kipaimara chake nilimshonea suruali mwenyewe kwa kitambaa cha kijivu, na kipande kilichobaki ninacho mpaka leo kwenye kikapu cha vifungo. Mwaka wa pili chuoni Morogoro akaacha masomo bila kutuambia. Tulijua baada ya chuo kupiga simu kuuliza aliko. Kumbe yuko Dar es Salaam kwa mjomba wake, yaani mdogo wangu. Sasa amepanga chumba chake, anaendesha bodaboda. Kanisani haendi. Alimwambia dada yake kwamba haamini tena, na kwamba tusimsumbue.

Hayo ningeyabeba, maana vijana wengi hupita huko. Linaloniumiza zaidi ni baba yake.

Miaka minne iliyopita mume wangu alianza kwenda kwenye kikundi cha kujifunza Biblia, watu wanaosoma sana vitabu vya Kalvini, yule mwalimu wa dini wa zamani. Sikuona ubaya. Aliacha bia, akaacha kunifokea, akawa anaamka alfajiri kusoma. Ana daftari kubwa la jalada gumu ambalo ndani yake ameandika Warumi 9 yote kwa mkono, na mstari wa 13 ameupigia wino mwekundu mara mbili: "Nimempenda Yakobo, bali Esau nimemchukia." Kwenye maombi ya jioni tulizoea kuwataja watoto wote kwa majina. Mwezi wa tatu nikamsikia ametaja wawili. Nikadhani amesahau. Kesho yake, wawili. Nilipomuuliza chumbani alinijibu kwa upole, bila hasira yoyote: "Mama, Mungu aliwachagua walio wake kabla ya kuwekwa misingi ya ulimwengu. Kama kijana yumo, atarudi hata tukinyamaza. Kama hayumo, ukeshe, ufunge siku arobaini, ni kazi bure." Tangu siku hiyo hampigii simu.

Nikampigia mdogo wangu nikilia. Yeye alisoma falsafa chuo kikuu, ni mwalimu, na kanisa aliliacha zamani. Nilitegemea aseme shemeji yake amekosea. Akasema, "Dada, shemeji amekosea jina tu. Hakuna Mungu aliyekaa akapanga, lakini kupangwa kupo." Akanieleza habari za mtu anaitwa Spinoza, aliyesema jiwe lililorushwa, kama lingekuwa na akili, lingejiona linaruka kwa kupenda kwake. Kijana ameacha chuo kwa sababu zilizomsukuma, nazo zilisukumwa na nyingine, na nyingine. "Hakuna wa kulaumiwa, kwa hiyo tulia."

Sikutulia. Mwezi wa nane nilimpigia mwanangu mwenyewe nikamuuliza kwa nini. Akasema, "Mama, mimi ndivyo nilivyo. Sikujichagua." Nikakata simu. Wanaume watatu, mmoja na Biblia yake, mmoja na vitabu vyake, mmoja na pikipiki yake, wote wamenipa neno lile lile. Hata jirani yangu, mama wa Kiislamu tunayependana sana, nilipomweleza alitikisa kichwa: "Jitihada haiondoi kudura, shoga." Lakini yeye kila siku saa kumi alfajiri namsikia anawasha mkaa wa vitumbua.

Sasa kilichonifanya niandike. Kwetu Desemba wote hupanda nyumbani, watu husema wanakwenda kuhesabiwa. Wiki iliyopita kijana alimwandikia dada yake: "Mama akiniita nitakuja Krismasi." Nikamwambia baba yake. Alikaa kimya muda mrefu, akasema, "Sitamzuia. Lakini mimi simwiti, na wewe usimbembeleze. Kumbembeleza ni kusema neema haitoshi." Mimi ni mke wa kumsikiliza mume wangu. Na siku hizi ananichosha hata kwa mambo madogo: geti tulizoea kulitia kufuli saa tatu usiku, sasa halifungwi mpaka saa tano na nusu, anakwenda mwenyewe na tochi, nami siwezi kulala geti likiwa wazi.

Nimwite mwanangu nikimpinga mume wangu? Niende Dar kimya kimya nikamwone? Je, maombi yangu yana kazi gani kama yote yalishaamuliwa? Na kama hayakuamuliwa, kama kijana ana hiari yake kamili, basi si mimi niliyemlea vibaya? Nikigeukia upande wowote naumia.

Jina langu usiliandike.

Mama wa Kilimanjaro

JIBU

Marahaba, mama.

Barua yako nimeisoma mara tatu, ya tatu kwa sauti. Niirudie kwa maneno yangu uone kama nimekusikia. Una mtoto aliyeondoka na mume aliyeacha kumtaja, na kila unakokwenda kutafuta mtu wa kukuambia "hangaika, kuhangaika kwako kuna maana," unaambiwa mambo yalishakwisha. Krismasi inakaribia. Ukimwita mtoto unaogopa umemkosea mume, usipomwita umemkosea mtoto. Na chini kabisa umeficha hofu moja katika sentensi fupi karibu na mwisho, kwamba kama hayakupangwa na Mungu basi kosa ni lako. Hiyo nitairudia, kwa sababu nadhani ndiyo inayokunyima usingizi kuliko geti.

Nianze na mume wako, maana maneno yake nayachukua kwa uzito. Fundisho la kuchaguliwa tangu asili halikuandikwa ili liwaumize akina mama. Kalvini alikuwa Mfaransa aliyekimbia nchi yake kwa ajili ya imani, akaishi Geneva katikati ya wakimbizi wenzake, na Wakristo wa imani yake walikuwa wakichomwa moto Ufaransa. Kwa watu wa namna hiyo, kuambiwa kwamba wokovu wao haumo mikononi mwa mfalme, wala hautegemei magoti yao yanayotetemeka, bali Mungu aliushika kabla ulimwengu haujakuwapo, ilikuwa faraja kubwa. Umeniambia mume wako aliacha bia na kufoka. Mtu aliyetoka huko, ambaye huenda alijaribu kwa nguvu zake mara nyingi akashindwa, haisomi neema kama somo la darasani. Anajua aliinuliwa. Ukizungumza naye, tafadhali usianze kwa kulidharau fundisho lililomwokoa.

Ila sentensi yake ina hatua mbili, na wewe umezisikia kama moja. Ya kwanza: Mungu alichagua. Ya pili: kwa hiyo tunyamaze. Hatua hii ya pili Wagiriki wa kale waliipa jina, hoja ya uvivu. Mfano wao ulikuwa mgonjwa: kama imeandikwa nitapona, nitapona bila mganga, kama imeandikwa nitakufa, mganga wa nini? Kalvini mwenyewe aliikataa. Aliandika kwamba Mungu aliyeuwekea uhai wetu mipaka ndiye aliyetukabidhi kuutunza, akatupa na njia za kuutunza. Sinodi ya Dordrecht ya 1618 na 1619, mkutano mkuu wa kanisa huko Uholanzi, ambako Wakalvini waliandika msimamo wao kwa ukali kuliko mahali pengine popote, ilisema pia kwamba neema hutenda kazi kupitia njia: neno, maonyo, kuhimizana. Jirani yako wa vitumbua anaijua tofauti hiyo bila sinodi. Anaamini riziki ni ya Mungu, na saa kumi mkaa unawaka.

Fungua Matendo 27, mama, mkisoma pamoja itakuwa bora zaidi. Merikebu ina watu 276, dhoruba imewapiga siku nyingi. Paulo anawaambia kwamba malaika amemhakikishia hakuna atakayepoteza maisha. Limeamuliwa, limekwisha. Mistari michache mbele mabaharia wanataka kutoroka kwa mashua ndogo, na Paulo yule yule anamgeukia akida: hawa wasipobaki merikebuni, hamtaweza kuokoka. Askari wakazikata kamba za mashua. Sijaona mahali ambapo Paulo anajiona amesema neema haitoshi.

Halafu ile sura ya wino mwekundu. Mume wako ameinakili yote, kwa hiyo na mwanzo wake anao kwa mwandiko wake mwenyewe. Kabla ya kumfikia Yakobo na Esau, Paulo anasema ana huzuni nyingi na maumivu yasiyokoma moyoni mwake, na kwamba angekuwa radhi yeye mwenyewe atengwe na Kristo kwa ajili ya ndugu zake. Na akishamaliza habari za mfinyanzi na udongo, sura ya kumi inafunguka hivi: "Ndugu zangu, nitakayo sana moyoni mwangu, na dua yangu nimwombayo Mungu, ni kwa ajili yao, ili waokolewe." Aliyeandika mstari wa 13 aliwaombea wale wale aliohofia kwamba wamekatwa. Ningetamani siku moja kalamu nyekundu ifike na hapo. Lakini sidhani wewe ndiwe wa kuishika.

Unalolipitia liliwahi kuulizwa hapa Afrika. Karibu na mwaka 426, katika monasteri ya Hadrumetum, mji ambao leo ni Sousse huko Tunisia, watawa walipata maandishi ya Askofu Augustino juu ya neema wakagawanyika. Baadhi yao wakasema: kama kutenda mema ni zawadi ya Mungu, mkubwa wetu asitukemee tukikosa, atuombee tu. Mume wako amekwenda mbali kuliko wao, kwa sababu wao angalau walibakiza maombi! Augustino, ambaye kabla ya Kalvini hakuna aliyelitetea fundisho hili kwa nguvu kama yeye, aliwajibu kwa kitabu kizima. Moja ya aliyoyasema ni kwamba kwa kuwa hatujui nani yumo katika hesabu ya waliochaguliwa na nani hayumo, upendo unapaswa kutufanya tutake wote waokolewe.

Hatujui nani yumo. Nimelifikiria sana neno hilo nikisoma barua yako. Mume wako anapoacha jina moja kwenye maombi, anafanya kama mtu aliyekwisha kuonyeshwa orodha. Sidhani anaamini ameonyeshwa. Naona anaogopa jibu, ndipo akaacha kuuliza.

Mama yake Augustino unamfahamu, Monika, mwanamke wa Thagaste, sehemu ambayo leo ni Algeria. Kijana wake alipokuwa na umri unaokaribia wa mwanao aliingia katika dini ya Wamani, waliofundisha kwamba nuru na giza ni nguvu mbili zinazopigana, na Monika akakataa kukaa naye meza moja nyumbani. Ndiyo, Monika yule yule. Kisha akaota amesimama juu ya rula ya mbao, analia, kijana mwenye uso wa furaha akamwambia atazame, kwani pale alipo yeye ndipo na mwanawe alipo. Alipogeuka akamwona mtoto kando yake juu ya rula hiyo hiyo. Asubuhi akamrudisha mezani, naye mtoto hakuwa amebadilika hata kidogo. Baada ya hapo ilipita karibu miaka tisa. Katikati yake alimwendea askofu mmoja akimsihi azungumze na kijana, askofu akakataa, akasema bado amejaa kiburi cha mambo mapya, mwache, mwombee tu. Monika akaendelea kulia na kumng'ang'ania mpaka askofu akachoka, akamwambia aende zake, haiwezekani mtoto wa machozi hayo akapotea.

Hadithi hiyo huenda uliisikia kanisani. Ambalo huenda hukulisikia ni kwamba miaka mingi baadaye, akiwa mzee, Augustino aliandika kitabu juu ya kudumu katika imani, kimoja cha vitabu vyake vikali kabisa kuhusu kuchaguliwa. Ndani yake anawakumbusha wasomaji kwamba ni machozi ya mama yake ya kila siku yaliyojaliwa yeye asipotee. Hakuona mgongano. Uamuzi wa Mungu na kitambaa cha mama kilicholowa aliviweka ukurasa mmoja.

Kwa haki ya barua yako niseme na hili: Monika alimfuata sana mtoto, mpaka mtoto akamdanganya na kupanda meli usiku kwenda Roma, akamwacha pwani ya Carthage anaomba. Machozi yana kazi. Kubanana nako kuna gharama.

Sasa mdogo wako. Mfano wa jiwe ni wa Spinoza kweli, uko katika barua yake ya 1674. Lakini kauli ya "tulia, hakuna wa kulaumiwa" imechukua nusu ya mtu. Spinoza aliishi kwa kusugua lenzi, na miaka yake ya mwisho alipanga chumba The Hague katika nyumba ya mchoraji. Familia ile ilikuwa ya Kilutheri. Mchungaji wao wa baadaye, aliyeandika maisha ya Spinoza, anasimulia kwamba mama mwenye nyumba alimuuliza siku moja kama anaweza kuokoka katika dini yake. Spinoza akamwambia dini yake ni njema, asitafute nyingine, mradi aishi kwa amani na uchaji. Walipotoka kanisani aliwauliza walichojifunza kwenye mahubiri. Na katika kitabu chake kikuu, kilichotoka 1677 baada ya kufa kwake, anasema faida ya kujua kwamba mambo yote yana sababu zake ni kwamba tusimchukie mtu, tusimdharau, tusimkasirikie, tena tumsaidie jirani. Msukumo wa mama nao ni sababu, mama. Katika mnyororo wa mdogo wako, simu yako ya mwezi wa nane ni pete mojawapo, na mwaliko wa Krismasi ni nyingine. Anaposema tulia, anakuomba wewe peke yako utoke kwenye mnyororo unaomshika kila mtu mwingine.

Kuna mwanafalsafa mwingine ninayetaka umjue, kwa sababu alilijibu swali lako la maombi waziwazi. Gottfried Wilhelm Leibniz alizaliwa Leipzig mwaka 1646, mji ule ule ambao misheni yake ilifika Machame mwaka 1893 na kuuleta Ulutheri kwenye mlima wenu. Alikuwa Mlutheri, na mwanahisabati wa kiwango cha juu kabisa. Mwaka 1710 alichapisha kitabu kikubwa kuhusu wema wa Mungu, uhuru wa mwanadamu na chanzo cha uovu, kilichotokana kwa sehemu na mazungumzo yake na malkia wa Prussia aliyekuwa na maswali kama yako. Humo anauliza: kama yote yalishapangwa, kuna haja gani ya kuomba? Anajibu kwamba Mungu alipokuwa anachagua ulimwengu wa kuuumba, maombi yote yatakayoombwa ndani yake yalikuwa mbele zake tayari, na yalihesabiwa katika uamuzi. Ombi la jioni hii halibishi hodi kwenye mlango uliokwisha kufungwa. Lilisikiwa wakati mlango unachongwa.

Nilipolisoma jambo hilo mara ya kwanza nilikaa kimya muda mrefu. Lakini sikuuzii. Lina bei yake. Leibniz alisema sababu humwelekeza mtu bila kumlazimisha, kwamba jambo linaweza kuwa hakika bila kuwa la lazima. Padre Arnauld wa Ufaransa, mtu mwenye akili kali, alipopelekewa mawazo yake mwaka 1686 alishtuka: kama kila litakalompata mtu limo tayari katika wazo la mtu huyo, uhuru uko wapi? Waliandikiana barua ndefu. Wapo wanaoona Leibniz alifungua fundo, wapo wanaoona alilikaza. Na akina mama waliozika watoto hawapendi kuambiwa huu ndio ulimwengu bora kuliko yote ambayo yangewezekana. Ukiona kwamba wazo lake linakupa nguvu ya kupiga magoti, lichukue. Likikukaa vibaya, liache.

Turudi kwenye ile hofu. Umesema kama kijana ana hiari kamili, basi umemlea vibaya. Hebu itazame sentensi hiyo polepole, kama unavyotazama mshono uliopinda. Kama hiari ni yake kamili, basi ni yake. Huwezi kumpa yeye uhuru wote na papo hapo ukajipa wewe lawama yote. Wahubiri wa hiari, nao wapo wengi na wazuri, wana hatari yao: msikilizaji mpole anaweza kuondoka kanisani amebeba wokovu wa familia nzima kichwani kama tenga la ndizi. Neema iliwekwa kwa ajili ya mtu huyo pia. Ukimsikia mume wako kwa sikio hilo, pengine ndani ya maneno yake liko neno unalolihitaji wewe: si wewe uliyebeba dunia.

Kanisa lako lenyewe, katika maungamo ya 1577, lilisema wokovu unatoka kwa Mungu peke yake, na kupotea hakutoki kwa Mungu, likakataa kuziunganisha kauli hizo mbili kwa nguvu. Wakalvini waliona hilo ni fundo lililoachwa. Walibishana kizazi baada ya kizazi. Leibniz aliwahi kukaa miaka kadhaa na mhubiri wa Kikalvini wa Berlin, Daniel Ernst Jablonski, wakijaribu kuyapatanisha makanisa hayo mawili, na mojawapo ya mawe waliyojikwaa ni hili hili la kuchaguliwa. Hawakufaulu. (Jablonski ndiye aliyemwekea mikono askofu wa kwanza wa Wamoravian walioanza upya, mwaka 1735; majirani zetu wa Rungwe na Tabora wana deni kwake.) Ni mwaka 1973 tu, huko Leuenberg nchini Uswisi, Walutheri na warithi wa Kalvini wa Ulaya walipokubaliana kwamba hukumu walizotupiana zamani juu ya jambo hili haziwagusi tena wa leo. Nakuambia haya kwa sababu nyumbani kwako mna mabishano ya karne nne chini ya paa moja la bati, na mnataka yaishe kabla ya tarehe 25. Sidhani yataisha. Krismasi yenyewe inaweza isiyangoje.

Sasa njia zako, jinsi ninavyoziona.

Kwenda Dar kimya kimya naielewa, ningetamani kuifanya hata mimi. Naiogopea mambo mawili. Binti yako ndiye atakayebeba siri, na siku itakayofumuka mume wako hatakumbuka kwamba ulikwenda kumwona mtoto, atakumbuka kwamba ulimzunguka. Tena utakuwa umemnyima nafasi ya kusema ndiyo.

Kumwita kwa simu, ukiwa umemwambia mume wako kabla, ni njia nyingine. Rudia maneno yake: "Mimi simwiti, na wewe usimbembeleze." Amekataa kuita yeye, amekukataza kubembeleza. Kuita kwako hakukugusa. Huenda alipima maneno, huenda yalimtoka tu, wewe unamjua. Ukiliegemea neno lake kama wakili atahisi umemtega. Ukimwambia wazi, "nitamwita mara moja, sitambembeleza," utakuwa umeliheshimu alilosema. Anaweza kununa. Kijana naye anaweza asije, au aje na ulimi wa moto.

Akija, amueni mapema habari ya ibada ya asubuhi. Kijana aliyesema atakuja nyumbani hajasema atakuja kanisani, na mezani pakigeuka mahakama hamtamwona Desemba ijayo. Kwa mdogo wako mwombe jambo moja dogo: likizo hii Spinoza apumzike.

Kuna pia mchungaji wenu, au wale waliomsimamia kijana ubatizoni. Mtu wa tatu husaidia ikiwa mume wako anamheshimu. Asipomheshimu, atasikia ameshtakiwa. Na ipo njia ya kuacha mwaka huu upite. Hata hiyo si dhambi, ila kijana alisema "Mama akiniita." Yule anayesema hakujichagua anasubiri aitwe kwa jina, na sijui atarudia mara ngapi kusema hivyo.

Jambo la mwisho ni geti. Uliliandika kama kero, kati ya Krismasi na maswali yako. Nami nimejiuliza: lilianza kuchelewa kufungwa lini? Kabla ya mwezi wa tatu au baada yake? Inawezekana ni usingizi tu, au wivi umezidi mtaani. Lakini mwanamume aliyesema kijana atarudi hata tukinyamaza, anakaa macho mpaka saa tano na nusu, na mabasi ya Dar huingia jioni.

Usiku mmoja jifunge khanga umfuate. Usimwulize habari za Kalvini, wala Esau. Mshikie tochi atie kufuli. Kama atasema kitu, msikilize mpaka mwisho. Kama hatasema, rudini ndani mkalale.

Niandikie mwezi wa kwanza, mama, hata kama sahani ya kijana ilibaki tupu.